Saa Janja na Simu Yake Mawimbi Yakiwa Yamezimwa: Mwongozo Kamili wa Hatua kwa Hatua

Wasomaji wengi hukwama mahali pamoja. Wanawasha hali ya ndegeni kwenye simu, saa iliyo mkononi inaonyesha alama ya kukatika, nao kwa kudhani kwamba imeharibika wanaingia kwenye mipangilio na kuiondoa ili waiunganishe upya. Saa nyingi zikiondolewa kwa namna hiyo hujifuta kabisa na kurudi kama zilivyotoka kiwandani, na kuziunganisha tena hudai intaneti, ambayo ndiyo hasa iliyozimwa.

Mwongozo huu unaonyesha namna ya kuzima mawimbi bila kuvunja uhusiano wa vifaa hivi viwili, namna ya kuvitumia vikiwa kimya, na namna ya kuvirudisha hewani rekodi zikiwa salama. Unafaa kwa safari ya ndege, kwa matembezi ya siku kadhaa mahali pasipo na mtandao, kwa vyumba ambamo mawimbi yamekatazwa, na kwa yeyote anayetaka betri yake idumu.

## Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Simu na saa ambazo tayari zimeoanishwa na zinafanya kazi pamoja leo. Usiku wa kuamkia safari si wakati wa kuoanisha saa mpya.
- Chaja ya saa, kwa kuwa saa nyingi zina chaja yake ambayo haiazimiki kirahisi.
- Wi-Fi ya uhakika kwa ajili ya kupakua ramani, muziki na masasisho.
- Nafasi tupu ya kutosha kwenye simu na kwenye saa.
- PIN ya simu na PIN ya saa, zikiwa kichwani mwako.
- Vipokea sauti vya waya, ikiwa unapanga kuzima hata Bluetooth na simu yako ina tundu au kiunganishi chake.

Nimetaja PIN kwa sababu maalumu. Watu wengi wamezoea simu kufunguka yenyewe inapotambua kwamba saa iko karibu, na utambuzi huo hupitia mawimbi. Mawimbi yakizimwa, simu itadai PIN ambayo mwenyewe hajaiandika kwa miezi mingi.

## Hatua ya 1: Amua ni mawimbi yapi unayoyazima

Hapa ndipo kazi yote inapoharibika au kufaulu, kwa hiyo soma sehemu hii polepole.

Simu na saa hutumia mawimbi ya aina kadhaa kwa wakati mmoja. Mtandao wa simu huwasiliana na minara iliyo mbali. Wi-Fi huwasiliana na kifaa cha intaneti kilicho ndani ya jengo. Bluetooth, inayotumia masafa ya karibu na gigahezi 2.4, ndiyo kamba inayofunga saa na simu, na kwa kawaida hufika umbali wa mita 10 hivi. NFC, ile ya kulipia kwa kugusisha, hufanya kazi ndani ya sentimita chache tu. GPS ni jambo lingine kabisa: saa na simu husikiliza setilaiti zilizo umbali wa takriban kilomita 20,200 juu ya ardhi, lakini zenyewe hazirushi chochote kwenda huko.

Kutokana na hayo unapata hali tatu za kuchagua.

Hali ya kwanza: mtandao wa simu na Wi-Fi vimezimwa, Bluetooth imebaki. Saa na simu huendelea kuzungumza zenyewe kwa zenyewe, ila hakuna kinachoingia kutoka nje. Kwa wasafiri wengi hii ndiyo hali bora, na ningeishauri kwa yeyote ambaye hakukatazwa Bluetooth.

Hali ya pili: kila kitu kimezimwa kwenye vifaa vyote viwili. Kila kifaa kinasimama peke yake. Saa inahesabu hatua na mapigo ya moyo na kuyahifadhi ndani yake, na simu inabaki kuwa kamera, kitabu na ramani.

Hali ya tatu: simu imezimwa kabisa, saa inatumika peke yake. Inafaa kwa matembezi marefu, ambapo simu hutunzwa kwa dharura.

Kwa upande wa ndege, mamlaka ya usafiri wa anga ya Marekani, FAA, iliruhusu mwaka 2013 vifaa vidogo vitumike safari nzima mradi mtandao wa simu umezimwa, na Bluetooth ya vifaa vya karibu ikaruhusiwa pia. Hata hivyo neno la mwisho ni la wahudumu wa ndege uliyopanda. Wakisema zima vyote, chagua hali ya pili bila kubishana.

Onyo la afya. Vihisi vingi vya kupima sukari mwilini hutuma vipimo kwenye simu kwa Bluetooth, na vifaa vingi vya kusaidia usikivu huunganishwa kwa njia hiyohiyo. Mtu anayetegemea kifaa cha namna hiyo akizima Bluetooth anazima pia kengele ya kumwonya. Huyo achague hali ya kwanza, na panapokatazwa aeleze hali yake kabla ya kuzima.

## Hatua ya 2: Pakua kila unachokihitaji intaneti ingalipo

Fanya hatua hii siku moja kabla. Saa ikishakaa kimya haiwezi kuvuta kitu ilichokosa.

Anza na masasisho ya mfumo. Kama saa au simu inakuambia kuna sasisho, limalize leo au liahirishe hadi utakaporudi. Usiliache nusu.

Kisha ramani. Pakua eneo lote utakalopita kwenye programu ya ramani, na uhakikishe kama ramani hiyo imekaa ndani ya saa au ndani ya simu tu. Tofauti hii imewapoteza watu njia. Kwa mfano, Apple ilipoleta ramani za nje ya mtandao kwenye watchOS 10, mfumo unaoendesha saa zake, ramani zilikaa kwenye iPhone, na saa iliziona pale tu simu ilipokuwa imewashwa na iko karibu. Anayetumia hali ya pili au ya tatu anahitaji ramani iliyo ndani ya saa yenyewe.

Muziki nao una masharti yake. Nyimbo zilizopakuliwa kutoka huduma za kulipia kila mwezi hudai kuthibitishwa mara kwa mara. Spotify, kwa mfano, hutaka uingie mtandaoni angalau mara moja kila siku 30. Ifungue programu mtandaoni kabla ya kuondoka, hata kama nyimbo tayari zimo.

Tiketi na hati zenye msimbo wa kuskani zihifadhi kama picha kwenye simu, hata kama zinaonekana kwenye saa. Barua pepe inayofunguka vizuri nyumbani inaweza kugoma kuonyesha picha yake pasipo intaneti.

*Dalili ya kufaulu:* washa hali ya ndegeni kwa dakika moja ukiwa hapohapo nyumbani, fungua ramani, wimbo na tiketi. Kila kimoja kikifunguka bila kusubiri, umemaliza.

## Hatua ya 3: Sawazisha rekodi, kisha chaji

Fungua programu ya saa iliyo kwenye simu na uvute skrini chini hadi ionyeshe kwamba usawazishaji, yaani kuhamisha rekodi za saa kwenda kwenye simu, umekamilika. Sababu ni kwamba hifadhi ya saa ina kikomo. Vifaa vingi vya Fitbit, vile vya mkononi vya kufuatilia mazoezi, kwa mfano, hutunza takwimu za dakika kwa dakika kwa siku 7 na jumla za kila siku kwa siku 30. Ukiondoka na siku 5 ambazo hazijasawazishwa, unabaki na siku 2 tu kabla ya takwimu za dakika kwa dakika kuanza kufutika.

Chaji vifaa vyote viwili vijae. Kurekodi safari kwa GPS ndiyo kazi inayokula betri ya saa kuliko karibu kazi nyingine zote.

## Hatua ya 4: Zima kwenye simu, na uhakikishe kimezimwa kweli

Ikiwa umechagua hali ya pili, soma kwanza Hatua ya 5. Washa hali ya ndegeni. Kisha usiamini alama ya ndege peke yake, maana simu za siku hizi zina kumbukumbu. iPhone hukumbuka kama mara ya mwisho uliiwasha Bluetooth ukiwa ndani ya hali ya ndegeni, na safari inayofuata huiacha ikiwa hai bila kukuuliza. Simu nyingi za Android za miaka ya karibuni hufanya vivyo hivyo, na baadhi huiacha Bluetooth hai pale vipokea sauti vinapokuwa vimeunganishwa.

Kwa hali ya kwanza, kumbukumbu hiyo ni msaada: ukiiwasha Bluetooth mara moja baada ya kuwasha hali ya ndegeni, kwa kawaida hutalazimika kurudia safari nyingine. Kwa hali ya pili, ni mtego.

Wenye iPhone wazingatie jambo moja zaidi. Tangu iOS 11, toleo la mfumo wa iPhone, kubonyeza alama ya Bluetooth kwenye kidirisha kinachoshuka kutoka pembe ya juu ya skrini hukata tu baadhi ya vifaa, lakini Apple Watch hubaki imeunganishwa, na Bluetooth hujirudisha yenyewe saa 11 alfajiri. Anayetaka kuizima kabisa aingie ndani ya Mipangilio, sehemu ya Bluetooth, na kuizima huko.

Onyo. Neno unalolitafuta ni *zima*. Usiguse *sahau kifaa*, *ondoa uoanishaji* wala *weka upya*. Nimewahi kufanya kosa hili mwenyewe: nikiwa na haraka nilibonyeza kufuta uoanishaji badala ya kuzima, na mazoezi ya juma zima ambayo yalikuwa bado ndani ya saa yakaenda nayo.

*Dalili ya kufaulu:* katika hali ya kwanza, alama ya ndege inaonekana na saa haionyeshi kukatika. Katika hali ya pili, ndani ya nusu dakika hivi saa inaonyesha alama ya kukatika, na hilo ndilo ulilolitaka.

## Hatua ya 5: Zima kwenye saa pia

Watu wengi huiruka hatua hii kwa kudhani kwamba simu ikizimwa mawimbi, saa nayo hunyamaza. Mara nyingi hutokea kinyume. Saa iliyompoteza mwenzake huanza kumtafuta, na yenye Wi-Fi hujaribu mitandao inayoifahamu. Saa yenye laini yake ya simu hujaribu kuunganika moja kwa moja na mnara. Unakuwa umevunja masharti ya mahali ulipo, na betri inaisha kabla ya jioni.

Kwenye Apple Watch, fungua programu ya saa kwenye iPhone, sehemu ya mipangilio ya jumla, kisha hali ya ndegeni, na uwashe chaguo la kuiga iPhone. Tangu hapo simu ikiingia hali ya ndegeni na saa inaingia, mradi vinawasiliana wakati huo. Saa hiyo kwa kawaida huacha Bluetooth ikiwa hai ndani ya hali ya ndegeni, kwa hiyo anayetaka hali ya pili aizime kwenye mipangilio ya saa yenyewe.

Saa nyingi zinazotumia Wear OS, mfumo wa saa wa Google, huzima Bluetooth pamoja na vingine pale unapowasha hali ya ndegeni juu yake. Ikiwa umechagua hali ya kwanza na saa yako ni ya namna hiyo, usiwashe hali ya ndegeni kwenye saa. Ingia kwenye sehemu ya muunganisho, zima Wi-Fi na mtandao wa simu kimoja kimoja, uache Bluetooth.

Mpangilio ni muhimu: unapotaka hali ya pili, zima saa kwanza ikiwa huitumii njia ya kuiga, kisha simu. Ukianza na simu, saa itapata dakika kadhaa za kuhangaika kutafuta.

## Hatua ya 6: Jaribu kwa dakika tano kabla hujaondoka

Jaribio hili ndilo linalotenganisha safari tulivu na safari ya kuhangaika. Tembea mita tatu au nne kutoka kwenye simu kisha:

1. Weka kipima muda cha dakika moja kwenye saa. Kinapaswa kulia katika hali zote tatu, kwa kuwa kiko ndani ya saa.
2. Bonyeza kitufe cha kutafuta simu kwenye saa. Katika hali ya kwanza simu inalia. Katika hali ya pili haitalia, wala usishangae.
3. Weka kengele kwenye simu na usikilize inalia wapi. Kengele ya simu hufika kwenye saa kwa Bluetooth, hivyo anayetegemea mtikisiko wa mkononi kuamka aiweke kengele yake kwenye saa yenyewe.
4. Gusisha NFC kama una mahali pa kuijaribia. Baadhi ya vifaa huizima pamoja na mawimbi mengine, na vingine huiacha.

Namba 3 ndiyo iliyowalaza watu wengi wakachelewa. Ijaribu hata kama huna muda wa nyingine.

## Hatua ya 7: Itumie kwa kujua kilichobaki na kilichokwenda

Kinachofanyika ndani ya saa kinaendelea bila kujali mawimbi: muda, kengele, kipima muda, hatua, mapigo ya moyo, usingizi, dira, kimo, na nyimbo zilizomo. Kinachopitia Bluetooth kinaendelea katika hali ya kwanza tu: kuongoza muziki ulio kwenye simu, kupiga picha kwa mbali, arifa za kalenda. Ujumbe, hali ya hewa na sehemu kubwa ya maswali ya sauti hudai intaneti, kwa hiyo husimama katika hali zote.

GPS itachelewa mwanzoni. Kwa kawaida simu huipa saa taarifa za mahali zilipo setilaiti. Pasipo intaneti, saa huzisoma kutoka kwenye mawimbi ya setilaiti zenyewe, ambayo hupeleka biti 50 tu kwa sekunde. Taarifa za setilaiti moja huchukua sekunde 30 hivi, na orodha ya setilaiti zote huhitaji dakika 12 na nusu. Simama mahali palipo wazi, usitembee, usubiri alama ya kupatikana kwa mahali ndipo uanze kurekodi. Anayeanza kutembea kabla ya hapo hupata mchoro wa njia unaoruka juu ya majengo na mito.

Kimo ndani ya ndege hakitalingana na ukweli. Saa hupima kimo kwa mgandamizo wa hewa, nayo hewa ya ndani ya ndege hugandamizwa ifanane na ya kimo cha mita 1,800 hadi 2,400 hivi, hata ndege ikiwa mita 11,000. Saa yako haina hitilafu. Usiirekebishe kimo ukiwa hewani, maana utaiharibia vipimo vya ardhini.

Majira hayatabadilika yenyewe. Simu isiyo na mtandao kwa kawaida haitambui kwamba umevuka eneo la saa, na saa hufuata simu. Katika hali ya kwanza, badilisha eneo kwenye simu kwa mkono, na saa itafuata. Katika hali ya pili, badilisha kwenye kila kifaa kama saa yako inaruhusu, au hesabu tofauti kichwani hadi utakapofika. Ukifika, rudisha chaguo la kujiweka lenyewe.

Msaada wa dharura haupo. Saa inayotambua kuanguka itakutikisa na kukuuliza kama uko salama, lakini haiwezi kumpigia mtu kupitia mawimbi yaliyozimwa. Ukiwa nje peke yako, fanya mazoezi ya kuondoa hali ya ndegeni kwa mkono mmoja, bila kuangalia maelekezo.

Katika hali ya kwanza, saa ikikatika mara kwa mara, angalia simu iko wapi. Mwili wa binadamu hunyonya mawimbi ya gigahezi 2.4, hivyo simu iliyo mfuko wa nyuma wa kulia na saa iliyo mkono wa kushoto huweza kupotezana ingawa umbali ni mdogo. Ihamishie mfuko wa mbele.

## Hatua ya 8: Rudisha mawimbi kwa mpangilio

Anza na simu. Ondoa hali ya ndegeni, subiri hadi mtandao usimame, na uhakikishe Bluetooth imewashwa. Kisha ondoa hali ya ndegeni kwenye saa. Hata wale waliotumia njia ya kuiga kwenye Apple Watch watalazimika kuiondoa kwenye kila kifaa peke yake, kwa sababu kuiga hufanya kazi wakati wa kuwasha tu.

Weka vifaa viwili karibu, fungua programu ya saa, uiache mbele ya skrini hadi rekodi zishuke. Rekodi za siku kadhaa zenye GPS zinaweza kuchukua dakika nyingi. Baadhi ya programu, ikiwemo Garmin Connect ya saa za Garmin, hudai intaneti hata kwa usawazishaji, hivyo Bluetooth peke yake haitoshi.

*Dalili ya kufaulu:* jumla ya hatua za leo kwenye simu inalingana na ile iliyo kwenye saa, na usingizi wa usiku uliopita unaonekana.

## Vikikataa kuungana

Fuata mpangilio huu, na usivuke hatua moja kabla hujaipa dakika mbili.

Zima na uwashe Bluetooth ya simu kupitia Mipangilio. Kisha zima na uwashe simu, halafu saa. Kwenye Android, angalia kama programu ya saa imezuiwa kufanya kazi chinichini ili kuokoa betri, na kama bado ina ruhusa ya kufikia vifaa vya karibu. Kwenye matoleo kabla ya Android 12, ruhusa ya mahali ndiyo inayohusika. Wengi walioniandikia wakisema saa imekufa walikuwa wamewasha hali ya kuokoa betri safarini wakasahau kuizima.

Kuondoa saa na kuioanisha upya kubaki kwa mwisho kabisa, uwe na Wi-Fi, chaji zaidi ya nusu kwenye vifaa vyote viwili, na nenosiri la akaunti yako. Mwenye Apple Watch aiondoe kupitia programu iliyo kwenye iPhone vifaa vikiwa karibu, kwa kuwa njia hiyo huandika nakala rudufu kwenye simu kabla ya kufuta, ilhali kufuta kutoka kwenye saa yenyewe hakufanyi hivyo. Mwenye saa ya aina nyingine aangalie kwanza kama inaweza kuchomekwa kwenye kompyuta kwa waya ili anakili faili za mazoezi. Saa nyingi za Garmin huruhusu hilo, na faili hizo huweza kupakiwa kwenye akaunti baadaye.